Sehemu ya Kati ya Ngoma ya Korongo

Kila asubuhi kabla ya shule, Kinu alifuta kibaraza cha Mwalimu Toyo kwa kitambaa kibichi, kisha akapiga magoti na kushika shamisen, ala yake ya nyuzi tatu. Mwalimu hakuwa akisikia vizuri tangu majira ya baridi, kwa hiyo alifundisha kwa kutazama vidole.

Mwaka huo mtaa wao wa Kyoto ulikuwa na habari moja tu: mpiga picha zinazotembea. Angekuja kuipiga picha Ngoma ya Korongo, ambayo Mwalimu peke yake ndiye aliyeijua. Mwalimu angecheza, Kinu angepiga ala.

"Umeshaiweza sehemu ya kati ya wimbo?" aliuliza Hatsu, mwanafunzi mwenzake.

"Ya nini kujichosha? Mashine haina masikio, na Mwalimu atanipa mgongo. Nitachezesha vidole tu."

"Mvivu wewe! Haya, shauri yako."

Ikawa hivyo. Mpiga picha alizungusha mpini wa mashine yake, Mwalimu akacheza juani na magoti yake mabovu, na nyuma yake, ilipofika sehemu ya kati, Kinu akapapasa nyuzi ovyo.

Walipoingia ndani, Mwalimu alimimina chai huku machozi yakimlengalenga. "Sasa hata nikienda zangu," alisema, "watakaokuja watajifunza kwa kutazama vidole vyako, mwanangu."

Kinu aliweka kikombe chini. "Mwalimu, nilidanganya," alinong'ona.

"Eti nini? Sema kwa nguvu, mtoto!"

"Nilidanganya! Sehemu ya kati siijui!"

Muuza tofu, chakula cha soya, aliyekuwa akipita alisimama barabarani. Kinu alitamani ardhi immeze.

Mwalimu aliisogeza shamisen mbele yake. "Magoti yangu hayatacheza tena," alisema, "na picha haifutiki. Shika ala."

Kwa siku ishirini vidole vya Kinu vilichubuka. Siku ya maonyesho ya picha hiyo, shuka jeupe lilitundikwa ukumbini, naye Kinu akakaa kando yake kupiga wimbo. Kwenye shuka msichana alipapasa ovyo. Pembeni msichana yuleyule alipiga sawasawa. Mwalimu alivitazama vidole vya pembeni mpaka mwisho.

"Kosa lako litaonekana miaka yote," alimwambia baadaye. "Basi kila picha hii ikionyeshwa, uwepo kando yake uupige wimbo kweli. Usipokuwepo, awepo uliyemfundisha."

Kesho yake, Kinu alipomaliza kufuta kibaraza, alimwita Hatsu.

"Kaa hapa," alimwambia. "Tunaanza na sehemu ya kati."