Ufa Chini ya Utepe

Kila siku ya mazoezi, Benita alitoka shule akapitia saluni ya mama yake pale Yeoville, Johannesburg, akala alichowekewa, kisha yeye na rafiki yake Najma wakateremka kwa miguu hadi uwanja wa michezo wa Bertrams. Mama Benita alikuwa mtu wa Bukavu, wazazi wa Najma walitoka Tanga, na wasichana hao walizungumza Kiswahili, kila mmoja akicheka matamshi ya mwenzake. Njia nzima ilikuwa porojo na vicheko.

Uwanjani walijifunza kuruka kwa upondo, ile fimbo ndefu inayopinda na kumrusha mtu juu ya ufito. Kocha wao, Gaël, alikuwa Mfaransa aliyewahi kuiwakilisha nchi yake. Siku moja, katikati ya mashindano, upondo ulimvunjikia mikononi akiwa hewani. Alianguka nje ya godoro la kuangukia, akaumia mgongo, na huo ukawa mwisho wake wa kuruka. Ndiyo maana alikuwa mkali kama pilipili juu ya jambo moja: upondo haulazwi chini hata kidogo. Atakayeulaza ataondoka kwenye timu.

Benita akaulaza. Aliinama kufunga kamba za viatu, akajisahau, na alipogeuka akaukanyaga kwa viatu vyake vya misumari. Alipoupapasa, ukucha wake ulinasa kwenye ufa mwembamba, karibu na mahali pa kushikia. Aseme, afukuzwe? Na mama yake ameshamtangazia kila mteja saluni kwamba bintiye atashindana! Hakuna aliyemwona. Basi akachukua utepe ambao warukaji huzungushia upondo ili mikono isiteleze, akauviringisha juu ya ufa. Upondo ukaonekana mzima kabisa.

Upondo ule waliutumia yeye na Najma peke yao, kwa sababu kila upondo una kipimo cha uzito wa mrukaji, na wao walilingana. Siku ya mashindano Benita alidai kifundo cha mguu kinamuuma, hataweza kuruka. Kuhusu Najma alijipa moyo kwamba ule ufa ni mdogo tu. Ajabu ya mtoto huyu! Ufa uliokuwa mdogo kwa Najma ulikuwa mkubwa kwake yeye.

Najma aliruka mara ya kwanza, akavuka. Upondo ulipopinda, Benita aliusikia ukilia, ta! Watu walishangilia tu. Waamuzi wakapandisha ufito. Benita akamwomba Mungu mvua inyeshe, mashindano yaahirishwe, lolote litokee ili asilazimike kufungua mdomo. Mbingu ya Johannesburg ilikuwa nyeupe, haina hata wingu.

Najma alisimama mwanzo wa njia ya kukimbilia, upondo mikononi, akamwomba rafiki yake ampigie makofi. Benita akaanza kupiga. Alipiga mara kadhaa, viganja vikawa vizito, akashindwa kuendelea. Najma alipoinua mguu kuanza mbio, Benita alitimka, akasimama mbele yake katikati ya njia.

Mwamuzi alimfokea. Kocha Gaël alikuja akichechemea, na Benita, kwa Kifaransa cha nyumbani kwao, akamwaga yote. Kocha akabandua utepe, akapitisha ukucha, uso ukambadilika.

"Mimi umeniambia," alisema. "Lakini anayeruka si mimi. Mwambie mwenzako, kwa lugha anayoielewa."

Hilo lilikuwa gumu kuliko la kwanza. Benita alisema kwa Kiswahili, macho chini, neno moja moja. Najma alimsikiliza mpaka mwisho. Upondo mwingine wa uzito wake haukuwepo, kwa hiyo mashindano yake yaliishia pale.

"Na ulikuwa unanipigia makofi," Najma alisema, akaenda kukaa kando ya godoro.

Kocha hakumfukuza Benita. Alimwambia kwamba msimu mzima hataruka, atabeba na kukagua pondo za wenzake. Kisha akamkalisha karibu na Najma.

"Upondo wangu ulipovunjika, ulikutwa na ufa wa zamani chini ya utepe," alisema. "Kuna mtu aliyejua, akanyamaza, bila shaka kwa kuogopa, kama wewe. Mpaka leo sijui ni nani. Ukificha kosa lako, anayeumia ni yule asiyejua lolote. Ukikosea, sema mapema, hata kama sauti inatetemeka. Miaka yote hii nimemngoja mtu huyo aje kuniambia, hajaja. Wewe umechelewa, Benita, lakini umekuja."

Benita alilia kwa kwikwi. Najma hakumbembeleza, lakini hakuondoka pia. Alikaa naye pale mpaka timu ilipomaliza kufungasha vitu.