Jaketi Dogo la Tiana

Mfuniko wa birika uligongagonga kabla hakujapambazuka. Ghislaine alikuwa anachemsha chai nyumbani kwake, mtaa wa Bredäng. Jioni angepanda meli kwenda Finland, kwenye harusi ya dada yake. Angesafiri na watoto wake, Arielle, wa miaka kumi, na Tiana, wa miezi minane.

Kulipokucha, jirani yao Bi Amne alileta mkate wa moto. Alikuwa amefanya usafi melini miaka ishirini.

"Mama, tumesoma habari za Titanic shuleni," Arielle alisema. "Ilizama. Boti za kuokolea hazikutosha. Watu zaidi ya elfu moja na mia tano walikufa."

Ghislaine aliweka kikombe chini. "Wote hao?"

"Ndiyo maana sheria zilibadilishwa," Bi Amne alisema. "Siku hizi boti lazima ziwatoshe watu wote, na kila mtu ana jaketi la kuelea."

"Meli ikizama, mimi ningemfunga Tiana mgongoni kwa kitenge, nivae jaketi, niruke," Ghislaine alisema. " Ndivyo nilivyomtoa Arielle vitani."

Bi Amne hakucheka. Alimfunga Ghislaine mto kifuani kama jaketi, na mwanasesere mgongoni kama mtoto.

"Lala sakafuni. Majini, jaketi hukulaza chali ili upumue."

Ghislaine akalala chali.

"Wewe unapumua. Mtoto yuko wapi?"

"Chini ya maji," Arielle alijibu polepole.

Ghislaine alimnyakua Tiana, akamkumbatia. "Ningemuua mwenyewe."

"Hukujua, mwanangu. Mtoto huvaa jaketi lake, dogo. Ukipanda tu, mwulize mhudumu. Tazama mahali pa kukusanyika. Kengele ikilia, acha mizigo. Usiruke, fuata wahudumu."

Melini, Ghislaine aliuliza kabla ya kutua mabegi. Mhudumu aitwaye Filip alileta jaketi dogo. Alipiga magoti, akamwonyesha kufunga mikanda. Alirudia mara tatu bila kuchoka. Arielle alihesabu milango hadi mahali pa kukusanyika.

Jumatatu, waliporudi, walimpelekea Bi Amne keki ya harusi.

"Melini nilikutana na mama mmoja, Josephine, wa mtaa wa Rågsved," Ghislaine alisema. "Naye alisema angemfunga mtoto mgongoni. Nikamlaza chini palepale."

"Mbele za watu?"

"Wanne walikuja kutazama. Wawili wakaenda kuomba majaketi ya watoto wao."

Bi Amne alicheka hadi akafuta machozi. Kisha akamshika Ghislaine mkono.

"Rudini Jumamosi," alisema. "Na huyo Josephine mje naye."