Fyuzi Haina Ndugu

Kila asubuhi, kabla hata ya kunawa uso, Rereia alifungua jokofu.

Lilikuwa jokofu dogo la sola, kimo chake kama mtoto wa darasa la kwanza. Ndani hakuweka samaki wala soda. Aliweka chupa ndogo za dawa ya kisukari ya mama yake, Bibi Aana. Alizigusa moja moja. Zikiwa baridi, alishusha pumzi. Ndipo alipokumbuka kwamba ana mume.

"Dawa imelala salama, mama."

"Na mimi je?" aliuliza Bibi Aana. "Mbona mimi huniulizi nimelalaje?"

Ilikuwa dawa ya kuchoma kwa sindano. Ikikaa kwenye joto, inakufa nguvu. Na hapa kisiwani kwetu Abaiang joto ndilo mwenyeji, sisi ni wageni wake. Chupa nyingine zingeletwa na boti kutoka kisiwa kikuu cha Tarawa, na boti hiyo huja inapojisikia.

Umeme wa jokofu ulitoka kwenye betri kubwa iliyokaa pembeni, chini ya paa la majani ya mkadi. Paneli za sola ziliijaza betri mchana. Mambo yangekwenda vizuri tu, kama Biribo, mume wa Rereia, angejua kusema hapana.

Lakini nani kwetu anajua? Kuna kuomba, na kuna bubuti. Mtu akikuomba tu, unaweza kujikuna kichwa na kutazama bahari. Ndugu akisema "nakububuti", unatoa. Shati, kuku, mtumbwi, unatoa. Ukikataa unaitwa mchoyo, na jina hilo husafiri haraka kuliko boti ya Tarawa.

Basi binamu alibubuti umeme wa kuchajia simu. Mjomba alibubuti wa taa. Halafu ikaja kwaya. Kiongozi wa kwaya alikuwa Tokoia, mdogo wake Biribo, mtu mwenye sauti nzuri na akili ya haraka mno, hasa pale inapotakiwa polepole. Yeye alibubuti umeme wa spika. Nyaya zilitoka nyumbani kwa Rereia zikielekea kila upande, kama matumbo ya samaki aliyepasuliwa vibaya.

"Nyumba hii ina mikia mingapi?" Rereia aliuliza.

"Ni ndugu zetu," alisema Biribo.

"Na mama yangu ni nani? Jirani?"

Biribo alikwenda kutazama bahari.

Jumamosi moja walikuja wageni wa kijiji cha pili kushindana kuimba. Walikaa katika maneaba, ule ukumbi wetu mkubwa wa kijiji. Spika ilinguruma. Wanawake wa kwaya wakapiga pasi sare zao. Pasi nayo ilichomekwa kwenye umeme wa Rereia, na jiko la umeme la wali likafuata.

Ghafla kila kitu kikazima. Kwenye kisanduku kilicho kati ya sola na betri, tunachokiita kontrola, taa nyekundu iliwaka.

Tokoia alikuja mbio. "Shemeji! Sanduku lako lina uchoyo!"

"Liache lilivyo," alisema Rereia.

"Wageni wanatucheka! Wanasema tunawaalika halafu tunawazimia."

Aliing'oa waya ya maneaba kwenye kontrola, akaiunga moja kwa moja kwenye waya ya betri. Spika ikarudi. Tokoia akacheka. Kisha, paa! Fyuzi iliyokuwa kwenye waya hiyo ikakatika.

"Nayo hii!" alisema Tokoia. Akatoa pakiti yake ya sigara, akachana ile karatasi inayong'aa kama fedha, akaikunja, akaisukuma pale fyuzi ilipokuwa. Umeme ukarudi. "Umeona? Fyuzi ni ya watu waoga."

"Tokoia, toa takataka yako humo!"

"Shemeji, utaniaibisha mbele ya wageni?" Akaondoka akiimba.

Rereia alimgeukia mumewe. Biribo alikuwa anachunguza kucha zake.

Jua lilikuwa bado juu Bibi Aana aliposema, "Mwanangu, nani anachoma mpira?"

Rereia aliruka. Waya ya betri ilikuwa imelainika na kudondoka matone meusi. Moshi ulipanda moja kwa moja kwenye majani makavu ya paa. Taa ya jokofu ilikuwa imezima. Rereia alimshika mama yake mkono akamtoa nje, kisha akarudi kuchukua chupa za dawa. Hapo tu Biribo akaamka. Alikuja na ndoo ya maji.

"Usimwage!" sauti ilisikika kutoka nje. "Weka ndoo chini, kabla sijaja kukuzika!"

Alikuwa Meere, jirani, fundi wa sola wa kijiji. Mkononi alishika koleo lenye mipini ya mpira. Aliikata waya moja iliyotoka kwenye betri. Moshi ukapungua, ukaisha. Juu ya paa, majani machache yalikuwa yamegeuka rangi ya kahawa.

Meere alichomoa ile karatasi ya sigara, akamwinulia Biribo usoni.

"Hii ni nini?"

"Fyuzi," alisema Biribo kwa sauti ndogo.

"Fyuzi ya wapi? Duka gani linauza upumbavu huu?"

"Sikuweka mimi."

"Uliona?"

"Niliona."

"Basi uliweka." Meere aliketi. "Sikiliza, kaka. Umeme mwingi ukipita kwenye waya, waya inapata moto. Pasi inavuta umeme mwingi. Jiko la wali linavuta. Vyote vilipita kwenye waya hii moja. Ndani ya fyuzi kuna kiwaya chembamba. Kimewekwa ili kiyeyuke kwanza. Kikiyeyuka, umeme unakatika, na waya inapona. Kazi ya fyuzi ni kufa ili nyumba isife. Karatasi hii haikufa. Ilisubiri waya iungue, na paa lifuate."

"Na kontrola?" aliuliza Rereia. "Kwa nini ilizima?"

"Hiyo haina uchoyo. Inapokea habari. Kila wakati inaiuliza betri, una hali gani? Betri ikijibu nimechoka, inakata umeme ili betri isife kabisa. Hata jokofu lako liko hivyo. Lina kitu ndani kinachopima baridi. Baridi ikitosha, kinaliambia lipumzike. Ikipungua, kinaliamsha. Habari inarudi kwa anayefanya kazi, naye anajua lini aache. Tokoia aliiruka kontrola. Betri ililia, hakuna aliyeisikia. Ikaisha, na jokofu likabaki limezima."

Rereia alitazama chupa mkononi. Zilikuwa na joto la mkono wake.

Kwanza alikwenda zahanati. Muuguzi aliuliza zimekaa nje muda gani, akazitazama kwenye mwanga, akaziweka kwenye jokofu la zahanati. "Hazijaharibika," alisema. "Lakini ungezisahau juani, usingenikuta na nyingine."

Kutoka hapo Rereia alikwenda moja kwa moja kwenye maneaba. Kwetu, ukipita mbele ya wazee waliokaa, unainama. Rereia hakuinama. Nywele zake zilinuka moshi. Kwaya ilinyamaza yenyewe.

"Tokoia," alisema. "Nakububuti."

Tokoia alitabasamu mbele ya wageni. "Sema, shemeji. Chochote."

"Nipe waya yako. Na spika, na pasi."

Tabasamu lilikufa. "Shemeji, mashindano..."

"Nimebubuti. Unakataa?" Akamgeukia binamu. "Nawe nakububuti, waya yako. Mjomba, nawe pia. Kwa miezi mmekula umeme wa dawa ya mama yangu, na mimi nikameza hasira ili nisiitwe mchoyo. Leo nyumba yangu ilitaka kuungua. Leteni!"

Mtu mmoja alisema, "Mwanamke huyu..." Mzee aliyekaa kwenye nguzo ya mbele alimkatiza.

"Amebubuti," alisema mzee. "Mpeni. Au ni nyinyi sasa mtakaokuwa wachoyo?"

Wageni walicheka mpaka wakashika mbavu. Rereia alirudi nyumbani na nyaya shingoni kama mashada ya sherehe. Siku hiyo kwaya yetu iliimba bila spika, na sare zenye makunyanzi. Tulishindwa.

Meere alifanya kazi wiki iliyofuata. Aliweka waya mpya. Jokofu lilipata njia yake peke yake na fyuzi yake. Maneaba ilirudishiwa njia moja, ya spika na taa tu, nayo ikapewa fyuzi ndogo. Kila kitu kilipita kwenye kontrola. Kwa chaki aliandika ukutani: *Fyuzi ikikatika, chomoa vitu kwanza. Tafuta sababu. Weka fyuzi ya namba ileile.* Biribo alitakiwa kuisoma kwa sauti. Aliisoma, na wake za majirani wakamrekebisha.

Dawa ilirudi nyumbani.

Mazoezi yalipoanza tena, spika ilizima katikati ya wimbo. Nyumbani kwa Rereia, jokofu liliendelea kunguruma taratibu.

"Nani kachomeka pasi?" Tokoia aliuliza kwa ukali.

Mkono mmoja ulipanda polepole. Mgeni mmoja aliyekuja kusikiliza akasema, "Si umbubuti tu Biribo akuongezee umeme?"

"Biribo ni ndugu yangu, angenipa," alisema Tokoia. "Lakini fyuzi haina ndugu. Chomoa hiyo pasi."

Asubuhi Rereia alifungua jokofu. Aligusa chupa. Baridi.

"Dawa imelala salama, mama."

"Na hasira zako je? Zimelala?"

"Zimelala," alisema Rereia. "Ila mtu asizisogelee na karatasi ya sigara."