Kimya cha Mjomba Kinanda

Mjomba Kinanda, kama watoto walivyomwita kwenye kipindi chake cha televisheni, alikuwa na kimya chake. Akishaimba herufi huacha kinanda, huinama mbele ya kamera na kuuliza, "Nani anataka kuja kwangu tuimbe?" Hapo hunyamaza kidogo ili watoto huko majumbani wajibu, kisha hupiga makofi: "Vizuri sana! Karibu!" Miaka nenda miaka rudi alisifu majibu asiyoyasikia, na kazi hiyo ilimpa ugali na jina.

Siku moja fundi wa sauti alivua hedifoni, uso umemsawijika.

"Kaka, nani kajibu?"

"Kajibu wapi?"

"Kwenye kile kimya chako. Mtu kasema 'mimi'. Sauti nzito, kama kameza maikrofoni."

Mjomba Kinanda alicheka, akamwambia apunguze kukesha. Lakini studio ilinuka nywele zilizoungua, na harufu ile ikamfuata hadi nyumbani, ikaingia chumbani kwa binti yake wa pekee.

Mtoto aliacha kula. Alikaa akitazama ukuta huku herufi zikiimbwa kinyumenyume, kwa sauti ya mtu mzima, ilhali midomo yake imefumbwa.

"Baba watoto," mkewe alinong'ona, "tutampoteza huyu."

Mganga waliyemwita, mama mpole asiye na makeke, hakufungua hata mkoba. Alisikiliza tu.

"Huyu jini hakuvamia," alisema. "Aliitwa, akaitikia, akaambiwa karibu. Nani kamkaribisha?"

Mjomba Kinanda alimsimulia kile kimya chake na lile "mimi" la studio.

Ilimchukua mganga siku nzima ya kusoma na kubembeleza, mpaka mtoto akalia kilio chake mwenyewe na harufu ikakata. "Kaondoka. Ila asiitwe tena, baba. Akikaribishwa mara ya pili, mimi simuwezi."

Palepale Mjomba Kinanda akampigia simu mkuu wa kituo, akaacha kazi.

"Tutakukosa, Mjomba," mkuu alisema. "Lakini usijali, vipindi vyako tulivyorekodi tunavyo tele."

Kwa furaha aliyokuwa nayo, maneno hayo hayakumwingia. Yalimwingia asubuhi, binti yake akiwa mezani anaomba chai ya pili na mama yake anacheka jikoni, pale jirani alipofungua dirisha na kinanda kikasikika, kisha herufi, kisha watoto wa jirani wakishangilia, naye akaelewa kwamba vipindi vyake vitarudiwa kila asubuhi, katika kila nyumba, apende asipende, akakimbilia dirishani akipiga kelele wazime, wazime jamani, lakini sauti yake mwenyewe, changamfu, ilikuwa imeshauliza:

"Nani anataka kuja kwangu tuimbe?"

Pakawa kimya kidogo.

Mezani, nyuma yake, sauti nzito ikajibu, "Mimi."

"Vizuri sana!" ikasema televisheni. "Karibu!"