Neno la Siri Nyuma ya Pazia

Kila asubuhi, kabla ya kunywa chai, Mastura alifuta vumbi kwenye kompyuta ya mumewe kwa ncha ya kanga. Mumewe, Sadalla, alikuwa amefariki, na kompyuta ilikaa tu juu ya meza ya ukumbini. Lakini vumbi la mtaa wa Ngamiani halijali msiba. Linaingia dirishani kutoka barabarani na kukaa juu ya kila kitu.

Mastura alikuwa na sababu ya kuitunza kompyuta ile. Sadalla alikuwa fundi wa kurekodi sauti. Watu walimletea kasida, maulidi na nyimbo za harusi, naye akazihifadhi humo. Kisha akaugua figo. Mimba ya Mastura ilipoanza kuonekana, Sadalla alijua kwamba huenda asimpakate mtoto huyo. Siku moja aliomba afungiwe mlango, akaketi peke yake mbele ya kipaza sauti. Alipotoka macho yake yalikuwa mekundu.

"Nimezungumza na mwanetu," alisema. "Usisikilize peke yako, mke wangu. Akizaliwa, mpakate, msikilize pamoja."

Mastura aliahidi. Hakuwa na kitu kingine cha kumpa mgonjwa wake. Sadalla akazikwa kabla mtoto hajazaliwa, na Mastura hakuisikiliza sauti ile hata mara moja, ingawa kuna siku aliitamani kuliko chakula.

Kwa kuwa alikuwa mjamzito, eda yake ilikuwa mpaka ajifungue. Alikaa chumba cha ndani, na mlangoni palitundikwa pazia. Wanawake waliingia. Wanaume wasio maharimu wake walibaki ukumbini na kuzungumza naye kutoka huko. Mmoja wao alikuwa Uweso, mdogo wake Sadalla, dereva wa bajaji.

Uweso alikuwa mtu wa maneno mengi na moyo mwepesi. Kila jioni alileta samaki au mkaa, akaketi ukumbini, akaanza kumsimulia shemeji yake vituko vya abiria. Mara nyingine alinyamaza katikati ya kisa, na Mastura alijua kwamba analia. Ndugu hawa wawili walizoea kushindana mchezo wa mpira kwenye kompyuta ile. Sadalla alifungwa kila mara, na Uweso hakuwahi kuificha habari hiyo. Aliitangaza mtaa mzima.

Jioni moja aliomba acheze kidogo, apunguze mawazo. Mastura alikubali kwa furaha. Alipousikia tena mlio wa mchezo ukumbini, aliiona nyumba kama ya zamani.

Sadalla, kwa kuwa alikuwa mtu makini, alikuwa amemtengea ndugu yake akaunti ndani ya kompyuta. Uweso akiingia kwa akaunti hiyo, aliona michezo yake tu. Kazi za Sadalla zilikuwa katika akaunti nyingine, yenye neno la siri. Hiyo ilikuwa akaunti ya msimamizi, yaani mtu mwenye ruhusa ya kubadili kitu chochote katika kompyuta.

Basi vijana wa kijiweni wakampa Uweso mchezo mpya wa mpira ndani ya flashi. Ulikuwa wa bure, maana kuna mtu aliuiba na kuvunja kufuli zake. Walimwambia auendeshe kama msimamizi, la sivyo hautafunguka. Kompyuta ikimwonya, asijali. Walisema michezo mikubwa yote ndivyo ilivyo, na Uweso akaamini, kwa sababu alitaka kucheza.

Alipoubonyeza, kompyuta ikauliza neno la siri.

"Shemeji," aliita, "inataka neno la siri la marehemu."

"Linatakiwa na nani?"

"Mchezo tu, shemeji. Ni mpira."

Mastura alikuwa akikunja nepi. Kama si eda, angeinuka akasome mwenyewe kilichoandikwa. Lakini pazia lilikuwa kati yao. Halafu, angemnyimaje? Huyu ndiye aliyeingia kaburini kumlaza kaka yake. Kumnyima neno moja ndani ya nyumba ya msiba kungekuwa sawa na kumwambia kwamba hamwamini. Neno lenyewe lilikuwa jina ambalo Sadalla alilichagua, kama mtoto angekuwa wa kike. Mastura alilitamka polepole kutoka nyuma ya pazia, naye Uweso akaliandika.

Mchezo ukafunguka. Uweso alicheza, akashinda, akamuaga shemeji yake na kwenda kulala.

Kesho yake alipoiwasha kompyuta, mchezo haukuwapo. Kioo kizima kilikuwa chekundu, na maandishi ya Kiingereza yalidai malipo. Mastura alimsikia akibonyeza na kubonyeza.

"Shemeji," alisema mwishowe, "nadhani nimeharibu."

Alikimbia kumwita jirani yao Beatrisi. Huyu wazazi wake walishuka kutoka Lushoto kufanya kazi katika mashamba ya mkonge, na yeye sasa alikuwa mwalimu wa kompyuta katika chuo kimoja mjini. Beatrisi alibisha hodi, akasalimia, akaketi mbele ya kompyuta. Kwanza aliikata intaneti. Akaangalia kwa muda mrefu, akamuuliza Uweso maswali machache kwa sauti ya chini. Kisha akaingia chumbani kwa Mastura, akaacha pazia wazi kidogo ili Uweso naye asikie.

Mastura alimuuliza jambo moja tu. "Sauti ya mume wangu ipo?"

"Ipo, lakini imefungwa," Beatrisi alisema. "Programu iliyofichwa ndani ya mchezo ule imefunga kazi zote za marehemu. Ufunguo wanao wezi walioituma."

"Tukiwalipa?"

"Hao ni wezi, Mastura. Wengi wamewalipa na hawakurudishiwa kitu."

Beatrisi akamshika mkono, akaanza kueleza, kwa sababu alijua kwamba watu hawa wangejiuliza usiku na mchana jambo hili lilitokeaje. Akamuuliza: mgeni akija kucheza bao ukumbini, utampa funguo za chumbani, za kabatini na za kasha la dhahabu? Mastura akatikisa kichwa.

"Basi akaunti ya Uweso ilikuwa ndiyo ukumbi," Beatrisi alisema. "Mchezo ule ungefunguliwa kwa ruhusa za akaunti ile, madhara yake yangekomea humo. Usingezifikia kazi za Sadalla. Kuuendesha kama msimamizi ni kuupa funguo zote. Mchezo umeingia mpaka alikohifadhi sauti yake. Hata nakala za akiba ambazo kompyuta hujiwekea yenyewe, umezifuta."

"Vijana walisema michezo yote ndivyo ilivyo," Uweso alisema kutoka ukumbini.

Beatrisi alimjibu bila ukali kwamba si kweli. Mpira wa kwenye kompyuta hauhitaji ruhusa kubwa ili uchezwe. Programu nzuri huweza kuomba ruhusa ya msimamizi siku ya kusakinishwa, na hapo mtu aangalie imetoka wapi na nani kaitengeneza. Lakini mchezo wa kuokota, unaosema hautachezeka mpaka upewe ruhusa ya msimamizi, ufutwe hapo hapo.

"Kompyuta inapouliza neno la siri, si usumbufu," alisema. "Inauliza kama kweli unataka. Sadalla aliiwekea ulinzi huo yeye mwenyewe."

Maneno hayo ndiyo yaliyomchoma Mastura.

"Nililitamka mwenyewe, Beatrisi," alisema. "Kwa mdomo wangu huu."

Beatrisi alisema ataitoa diski iliyofungwa na kuihifadhi jinsi ilivyo, kwa sababu wakati mwingine wataalamu hupata funguo baada ya miaka. Akaongeza kwamba hiyo si ahadi, na hataki kumdanganya.

Baada ya hapo Uweso aliendelea kuleta samaki na mkaa. Alitoa salamu mlangoni, lakini nyuma ya pazia hapakutoka jibu. Mastura alijua kwamba kosa ni lao wote wawili. Hata hivyo hakuweza kuufungua mdomo. Uweso aliweka vitu vyake chini, akaondoka.

Mtoto akazaliwa salama, wa kike, akaitwa Mboni, jina lile lile. Baba mtu ndiye humwadhinia mtoto sikioni, na baba hakuwapo. Bi Kijakazi, mama mkwe wa Mastura, akamfunga mtoto kwa kanga nyeupe, akampeleka ukumbini kwa baba yake mdogo. Mastura alilala kitandani akisikiliza. Hakuwahi kumsikia Uweso akiadhini. Ilikuwa sauti ya Sadalla, na ile pumzi ndogo kabla ya kila neno ilikuwa ya Sadalla. Mastura alilia kilio chote alichokuwa amekizuia.

Uweso alipomaliza, alitoa salamu kama kawaida, bila kutegemea jibu.

"Waalaikumu salamu, shemeji," Mastura alisema.

Eda ilikwisha, pazia likaondolewa. Beatrisi akaja na diski mpya na kuwafundisha wote. Akaunti ya msimamizi ilibaki ya kutengenezea kompyuta tu, na neno lake la siri halitamkwi kwa sauti, hata kwa ndugu. Michezo ikapewa akaunti ya kawaida. Vitu vya thamani vikanakiliwa kwenye diski ya pembeni, isiyochomekwa ovyo, ikawekwa mtaa wa Nguvumali nyumbani kwa Bi Kijakazi. Vitu hivyo vilikuwa sauti mpya: Uweso aliwaleta watu, mmoja baada ya mwingine, wakae mbele ya kipaza sauti na kumsimulia Mboni habari za baba yake. Bi Kijakazi alirekodi habari za utoto wa Sadalla. Uweso alirekodi jinsi alivyokuwa akimfunga kaka yake mabao, na mara hii hakutia chumvi.

Mboni alipofika umri wa kuanza shule, alikuwa akicheza mchezo wa herufi kwenye kompyuta. Binamu yake akamletea mchezo mwingine. Mara akaita, "Mama, huu unataka neno."

Mastura aliepua chungu, akapangusa mikono, akaja kuketi mwenyewe mbele ya kioo. Alisoma kila neno mpaka mwisho. Akabonyeza hapana, akaufuta mchezo, akamfungulia mtoto ule wa zamani. Sauti zote za wasimulizi zilikuwa salama. Mboni alinuna kidogo, kisha akasahau.

Jioni ile aliikuta ile diski ya zamani kabatini, imefungwa ndani ya kitambaa. Beatrisi huja kuijaribu kila anaposikia habari za funguo mpya, na bado haijafunguka. Mboni aliishika kwa mikono miwili, kwa maana alijua ni ya baba yake.

"Mama, baba alisema nini humu?"

Mastura akampakata.

"Sijui, mwanangu," alisema. "Nilikuwa nakungoja wewe."