Aliyefungiwa Chumba cha Asidi

Asubuhi ile mkemia Hortense alikuta glasi zote za maabara zimeoshwa, ingawa jana yake aliziacha chafu. Akadhani ni Jenny, msaidizi wake. Jenny naye akadhani ni Hortense.

Maabara hiyo ya mjini Likasi, Kongo, ambamo zamani wakemia walitafuta njia ya kutoa kobalti katika mawe ya mgodi wa Kambove, ilikuwa imefungwa miaka mingi, hadi mwenye mali mpya alipoifungua. Kazi ilipoanza, harufu ya asidi ikaanza kutoka chumba cha nyuma, kilichokuwa kitupu. Kisha, mchana kweupe, Jenny akisaga mawe, ngumi zikagonga mlango wa chumba hicho kwa ndani, polepole kwanza, halafu kwa pupa, halafu kucha zikakwaruza chuma toka juu hadi chini, na harufu ikajaa hadi machozi yakawatoka, na Jenny akaanguka akishika koo, midomo imebabuka.

"Nani iko mule?" Hortense alimnong'oneza Mathieu, mlinzi wa tangu zamani.

"Ni Magloire, mama, ule alikuwa anaoshaka glasi zamani. Siku moja gesi ilitokaka. Bakubwa bakafunga mulango juu bengine bapone. Yeye alikuwa angali ndani."

Jenny alilazwa. Hortense akaenda mtaa wa Kikula kumtafuta mjane wa Magloire.

Mama Philomène alisikiliza, rozari mkononi.

"Miye balinambiaka alikufa palepale," alisema. "Kumbe alipiga mulango?"

Hortense akamwomba aje maabara.

Kesho yake Philomène alisimama mbele ya chumba kile. Akausukuma mlango.

"Magloire, kuya. Tuende ku nyumba."

Kitu kikawapita, kizito, kama mtu anayetembea kwa kushika ukuta. Harufu ikakoma. Jioni Jenny alipumua vizuri.

Jumapili Hortense alipeleka sukari Kikula kutoa shukrani. Mezani palikuwa na sahani mbili za bukari, ugali wa huko. Philomène alikuwa amekonda, na ngozi ya midomo yake ilikuwa inachubuka.

"Mama, tumuite abbé wa kanisa," Hortense alisema kwa sauti ya chini. "Magloire ataua weye."

"Abbé atamufukuza. Aende wapi tena, mwana yangu?"

Chumbani sauti ya kiume, iliyokwaruza, ikaomba maji.

Philomène akainuka, akatengeneza kitenge chake kama bibi arusi.

"Ngoja, bwana. Niko nakuya."