Jiwe Lililotoka Chini

Mimi wananiita Wembe, na si kwa sababu ya wembamba. Ni huu mdomo. Binamu yangu wanamwita Tingatinga, na hilo halihitaji maelezo kwa mtu aliyewahi kumwona. Ni mtoto wa mjomba, lakini amelelewa kwetu tangu akiwa mchanga, kwa hiyo tunagombana kama watu waliozaliwa tumbo moja.

Asubuhi ya safari yetu ya ngomeni ilianza kama asubuhi zote. Yeye alikuwa bafuni anajimwagia maji ya nyumba nzima, mimi niko nje napiga mlango, na mama, ambaye ni fundi cherehani, anashona sketi ya mteja huku pini zimemjaa mdomoni.

“Tingatinga, toka! Hata ukioga mpaka kesho sura ni ileile!”

“Subiri, wewe. Uzuri haukimbizwi.”

“Uzuri upi? Wa nani?”

Mama akatoa pini mdomoni. “Nyinyi wawili, nimewasikia. Mnakwenda kujifunza, si kuniaibisha. Tingatinga, hiyo mikono yako iweke mfukoni.”

“Shangazi, jamani, mimi tena?” akajibu kutoka bafuni, sauti ya malaika mtupu.

Ngome iko juu ya kilima, mji wote unaonekana chini yake. Wafalme wa zamani waliishi humo, na sasa wanaishi popo na watu wa kukata tiketi. Tulipanda kwa miguu, darasa zima, tukiongozwa na mwalimu wetu wa historia, kijana aliyevaa viatu vipya vilivyokuwa vikimuua taratibu. Mimi niliandamana na Chiriku, mwenzangu wa dawati, ambaye hupumua kwa ajili ya kupata nafasi ya kusema tena.

Langoni tulipokelewa na mwongoza wageni. Mji mzima unamjua kwa jina la Bi Tarumbeta, na alipofungua kinywa tulijua kwa nini.

“Karibuni nyumbani kwa mfalme! Tazameni juu. Mnaona ile misumari ya chuma? Hapo vilitundikwa vichwa vya wasaliti. Vichwa vizima, wanangu, na macho yake!”

Sisi tukapiga kelele za furaha. Ndiyo, za furaha. Tukatembezwa kisimani, ambako mpishi wa mfalme alizamishwa kwa kushukiwa sumu. Tukaingia chumba cha giza, ambako mtu alikatwa ulimi. Kila kituo damu, kila kona upanga, na kila Bi Tarumbeta alivyozidisha, ndivyo sisi tulivyozidi kumsogelea. Mwalimu alijaribu kuuliza swali moja kuhusu biashara na kodi. Hakuna aliyemsikiliza.

Mwisho tukafika kwenye ngazi pana za mawe zinazounganisha ua wa chini na ua wa juu. Hapo Bi Tarumbeta akashusha sauti, nasi tukajua jambo kubwa linakuja.

“Mfalme alikufa bila kutaja mrithi. Aliacha watoto wawili, baba mmoja, mama mbalimbali. Kaka akashika ua huu wa chini, mdogo akashika ule wa juu. Walipigana kwenye ngazi hizi mpaka damu ikashuka kama maji ya mvua. Na mdogo aliposhindwa, mnaona pale ukuta ulipobomoka? Walimsukuma pale, akaangukia handakini. Ndugu yake akitazama.”

Tukachungulia. Handaki lilikuwa kavu, limejaa mawe, na chini kulikuwa mbali hasa.

Sasa, Bi Tarumbeta alikuwa na mtindo wake uliompa sifa. Kila ziara aliimalizia kwa vita. Aligawa wageni makundi mawili, akawafunga vitambaa mikononi, vyekundu kwa watu wa kaka na vyeupe kwa watu wa mdogo, kisha akawapa vimipira vya matambara vilivyojazwa pamba warushiane wakigombea ngazi. Watu wazima hucheka, hupigana picha, kisha huenda zao. Siku hiyo hakuwa na watu wazima. Alikuwa na sisi.

Mimi, Chiriku na Tingatinga tukapata vyekundu. Juu, mbele ya Weupe wote, alisimama Kimya. Kimya ni kijana wa darasani kwetu mwenye kigugumizi. Anajua majibu yote ya hesabu, lakini jibu likimtoka, kengele imeshalia.

“Watu wa kaka, mtakubali kutawaliwa na mdogo?” Bi Tarumbeta akanguruma.

“Hatukubali!”

“Basi panda!”

Mara ya kwanza tulicheka. Tulipanda, tukapigwa vimipira, tukarudi chini tukianguka kwa makusudi. Mara ya pili mmoja wa Weupe alimkanyaga mwenzetu vidole, mwenzetu akamvuta mguu, wakabiringika wote wawili, na waliposimama hakuna aliyekuwa akicheka. Ngumi ikatoka. Tusi la mama likafuata. Mtu akang'atwa sikio, na mimi, sitaficha, nilimvuta msichana mmoja nywele mpaka nyingine zikabaki mkononi.

“Taratibu! Taratibu!” Mwalimu alipaza sauti.

“Waache, mwalimu,” Bi Tarumbeta akacheka. “Historia ndiyo hiyo!”

Mara ya tatu tulipanda kama watu waliotukanwa ukoo. Chiriku alikuwa mbele yetu, anapiga vigelegele. Mimi nilikuwa nyuma ya Tingatinga. Vimipira vilikuwa vimetuishia. Nikamwona anainama, anang'oa jiwe lililolegea ukutani, anavuta mkono nyuma na kulirusha juu kwa Weupe. Wakati huohuo Chiriku akaruka ngazi moja mbele.

Jiwe likampata kisogoni. Ule mlio, Mungu wangu, mlio ule ulikuwa mdogo tu. Chiriku akaangukia uso, akateremka ngazi kadhaa akiburuzika, akatulia. Damu ikaanza kutafuta njia kati ya mawe.

Mwalimu akamnyanyua kifuani na kukimbia. Bi Tarumbeta akamtangulia, maana funguo za lango la karibu alikuwa nazo yeye. “Kaeni hapohapo! Mtu asisogee!” alituachia amri, nao wakatokomea. Tukabaki watoto watupu.

“Nani karusha? Nani karusha jiwe?”

Nikamtazama Tingatinga. Uso ulikuwa umempauka kama unga. Yeye naye akanitazama, akajua kwamba nimeona. Kisha akainua kidole, akakielekeza juu.

“Ni Kimya! Nimemwona kwa macho yangu!”

Wekundu wakapanda kwa pamoja. Weupe wengine walikimbia, wengine walijaribu kumkinga Kimya wakala ngumi za uso. Wakamkamata shati. “Ni wewe? Sema! Ni wewe?”

“S-s-si… s-s…”

“Anababaika! Mnaona? Ni yeye!”

Wakampiga. Walimpiga teke la tumbo, akajikunja. Wakamnyanyua, wakampiga mdomoni, jino likatoka na mate mekundu. Watoto niliokaa nao darasani, ambao huazimana kalamu, walikuwa wakisubiri zamu ya kupiga. Tingatinga alipiga kuliko wote, na alipiga akilia. Nadhani alitaka kulipiga lile jiwe lake lipotee.

Halafu mtu akapiga ukelele: “Mtupeni kama mdogo wa mfalme!”

Wakamburuza hadi pale ukuta ulipobomoka. Nataka mnielewe hapa. Tingatinga ni ndugu yangu. Nikiugua ndiye anayenibeba, na siku nilipochekwa kwa sare yenye viraka alikaa mlangoni mwa darasa mpaka kila mcheka ameniomba radhi. Kumtaja ilikuwa kama kujikata mkono. Nilisimama pale, mdomo huu unaosifiwa mtaa mzima umekauka, nikihesabu sababu za kunyamaza. Ndipo nikaona kisigino cha Kimya kinatafuta mahali pa kukanyaga na hakipati.

“Mwacheni! Ni Tingatinga! Jiwe ni la Tingatinga!”

Kofi likanijia kabla sijafunga mdomo, nikaona nyota mchana. Lilikuwa la ndugu yangu mwenyewe. “Mwongo wewe!” akafoka. “Msaliti!”

Nikatema damu, nikaendelea. “Chiriku kapigwa wapi? Semeni! Kapigwa kisogoni! Alikuwa akipanda, uso wake umewaelekea Weupe. Jiwe la Kimya lingempigaje kisogoni? Lilikata kona likarudi? Lilitoka chini! Lilitoka kwetu!”

Kelele zikakatika. Waliomshika Kimya wakamrudisha ndani ya ukuta, akaangukia magoti. Nikadhani yamekwisha. Kumbe wapi! Wakamgeukia Tingatinga.

“Kumbe ni wewe! Nusura utufanye tumuue mtu bure!”

“Basi naye atupwe!”

Mikono ni ileile, hasira ni ileile, imebadilisha anwani tu. Wakamwangusha. Tingatinga, na mwili wake wote ule, hakujitetea. Teke la kwanza lilimpasua nyusi. Mimi nikajitupa juu yake, nikakumbatia kichwa chake, mateke yakanipata mgongoni na mbavuni mpaka pumzi ikapotea. Jamani, nilisema kweli ili waache kupiga, si ili wapige kwingine!

“B-b-ba…”

Alikuwa Kimya. Alikuwa amesimama, ameshika ukuta, kidevu chote damu.

“Ba… ba… BASI!”

Neno hilo moja liliwagonga wote. Kama yeye, aliyepigwa, anasema basi, wao wangempigania nani? Mmoja akashusha mguu. Mwingine akaanza kulia. Tukakaa chini kila mtu alipokuwa.

Bi Tarumbeta alirudi akihema, akatukuta hivyo. Tarumbeta lote liliisha. Alizunguka akitufungua vitambaa mikononi, mmoja baada ya mwingine. “Miaka yote hii,” akasema kwa sauti ambayo sikujua kama anayo, “nauza vita kama njugu. Nilisahau kwamba waliokufa hapa walikuwa na mama zao.” Akamwinua Kimya, akambeba mgongoni, na mchezo ule haujachezwa tena ngomeni hadi leo.

Zahanati iko chini ya kilima. Chiriku alikuwa amezinduka, muuguzi akijiandaa kumshona. Sisi tulikaa kwenye benchi la nje: Kimya na pamba mdomoni, mimi na mbavu zangu, Tingatinga na jicho lililofumba. Mwalimu alikuwa ndani.

Mara lango la barabarani likafunguliwa kwa kishindo. Mama yake Chiriku. Anauza nyanya sokoni, mwanamke wa mikono minene, na habari ilikuwa imemfikia kwa simu, kutoka kwa mmoja wetu aliyekimbia mapema, kabla sisi hatujashuka kilima. Tatizo ni kwamba iliyomfikia ilikuwa ile ya kwanza.

“Yuko wapi huyo Kimya? Yuko wapi aliyempasua mwanangu kichwa?”

Kimya akasimama. Ndivyo alivyo, akiitwa anasimama. Akafungua mdomo, neno likakwama. Mkono wa yule mama ukapanda juu.

Mimi nikaziba mdomo wangu kwa kiganja. Nilimtazama Tingatinga tu. Angeweza kunyamaza. Sekunde moja tu, na kofi lingekuwa la mtu mwingine.

Akasimama katikati yao. “Mama, ni mimi. Jiwe ni langu. Na uongo nao ni wangu.”

Mkono ukabaki hewani. Yule mama akauangalia kama si wake, kisha akaushusha polepole, akakaa kwenye benchi kwa uzito wote.

“Nipige, mama,” Tingatinga akasema.

“Sikupigi. Nikikupiga utaona tumemalizana. Ingia humo ndani, mwanangu anashonwa. Mshike mkono mpaka wamalize. Akikuuliza nani alimpiga, mjibu.”

Akaingia. Mlango haukufungwa. Tulimsikia Chiriku akilia, kisha akiuliza. Kisha tukasikia sauti nzito ya ndugu yangu, ndogo kama ya mtoto wa chekechea: “Mimi.”

Yule mama akafuta machozi kwa aproni yake iliyojaa madoa ya nyanya, akamvuta Kimya akamkalisha ubavuni pake. Mimi nikamsimulia yote yaliyotokea ngomeni.

“Mmeuona mkono huu?” akatuambia. “Ulikuwa umeshainuka. Ningempiga mtoto wa mwenzangu, hana kosa, na nikarudi nyumbani nikalala vizuri nikijiona nimetenda haki. Uongo wa mtu mmoja, wanangu, huazima mikono ya watu wote. Kwa hiyo kabla hujainua wako, uliza, na ukishauliza, subiri ujibiwe. Nawe,” akanitazama, “kweli ukiijua, iseme mapema, hata kama inamchoma wa kwenu. Umeniambia ulisema. Umefanya vizuri. Ila ulichelewa kidogo, sivyo?”

Nikatikisa kichwa kukubali. Nilichelewa, na jino la Kimya halikurudi.

Yule mama akatoa simu kwenye mfuko wa aproni. “Nipe namba ya mama yako, baba,” akamwambia Kimya. “Nimpigie mimi mwenyewe, asije akasikia mambo ya barabarani.”

Kimya akafungua mdomo wake uliovimba. Tarakimu ya kwanza ikakwama. Akajaribu tena, ikakwama tena. Hakuna aliyemmalizia, wala hakuna aliyemwambia afanye haraka. Tulikaa pale kwenye benchi, tukasubiri mpaka akaitaja namba yote.